Koti la Marehemu Kwenye Tivii

Binti yangu alikuwa anaandika vichekesho vya tivii Dar es Salaam, na ndiye aliyevisimamia mpaka vinarushwa. Watu wa Mpanda walikuwa wananipongeza. Mimi nasema kazi ile aliipata kwenye msiba wa baba yake.

Kwetu mtu akifa, mtani anavaa nguo zake. Anatembea kama marehemu, anakohoa kama yeye, anagomba juu ya chakula, watu wanacheka huku machozi yanawatoka. Siku ya kumaliza matanga anazivua, anamkabidhi mjane, na hapo hakuna tena kumwigiza. Mtani wetu alitoka Kasekese, akavaa koti la kijivu la mume wangu. Binti hakubandua macho. Kabla ya matanga kwisha akamwomba lile koti, akaondoka nalo. Eti la ukumbusho.

Baadaye nikamwona mume wangu kwenye tivii. Kijana nisiyemjua, ndani ya koti lile, na kikohozi kile, ananusa sahani: "Hawa dagaa wa Ikola wamekuja kwa miguu?" Mtaa mzima ukacheka. Watoto wakawa wananipita wakikohoa. Kila Jumamosi jioni nilimsikia nyumba ya jirani, kisha ya pili yake, kisha kwangu, na tivii nimeizima.

Nikavumilia, maana ndiyo kazi yake binti. Mpaka siku wageni walipopiga hodi kwenye kile kipindi, naye yule kijana akajigeuza kitandani akasema, "Fungua dirisha, wamefika." Watu wakacheka.

Hayo ndiyo maneno ya mwisho ya mume wangu. Tulikuwa wawili chumbani, na dirisha lilikuwa wazi. Sijawahi kumwambia mtu. Na tangu hapo sikulifunga, hata mvua ikinyesha.

Nikampigia binti simu, nikamuuliza kayatoa wapi.

"Mama, hayo sikuyaandika. Kijana aliyatoa mwenyewe, watu wakacheka, tukayaacha."

Nikamwambia baba yake bado hajavuliwa, alete koti. Akasema bila yule mzee hakuna kipindi, na yeye na wenzake watakula nini.

"Kipindi kife," nikasema. "Baba yako alikufa."

Alikaa muda mrefu bila kupiga simu. Kisha akaja, koti kalikunja kwenye mfuko. Kipindi alikuwa amekifunga, na kazi nyingine hajapata. Tukamwita mtani, mzee sasa, akalivaa; mikono imekuwa mifupi kwenye lile koti au koti limerefuka, sijui. Akakohoa uani. Akamgeukia binti.

"Nyie wa Dar, mtu mnamzika kila Jumamosi?"

Binti alicheka, halafu akalia. Kwenye msiba hakulia. Mtani akalivua koti, akanikabidhi.

Jumamosi ilipofika, jua likizama, nikalifunga lile dirisha. Nikakaa kitandani nasikiliza kama kikohozi kile kitakuja.