Upande wa Kulia wa Odongo

Ukifika mtaa wa Ziwani ukitaka kumjua Odongo, usiulize jina. Uliza ile besi inayotikisa vyombo kabatini. Miaka thelathini na minne ameimba katika kikundi cha wanaume wanne, bila kinanda, sauti tupu. Njogu, kiongozi wao, aliweka sheria kali: anayepotea noti mbele ya kanisa anajitoa mwenyewe kikundini, anaketi benchi la nyuma, wala haagwi. Maina aliketi hivyo, na mwingine akachukua nafasi yake.

Sasa sikia balaa. Mashine za kukata mabati kule Industrial Area zilikuwa zimemla Odongo sikio la kushoto lote, la kulia likabaki nusu. Hakumwambia mtu, hata mkewe Jacklyne. Mficha maradhi kilio humfichua, lakini mzee aliona afadhali kilio kuliko lile benchi. Alichofanya ni kusimama ubavuni mwa Kyule, baritoni wao, bega kwa bega, akiihisi noti ikivuma kutoka kifuani mwa mwenzake.

Sabato ya kanisa kutimiza miaka hamsini, fundi mitambo akapanga maikrofoni nne zikiwa zimetengana. Odongo akaomba zisogezwe karibu. Fundi akakataa, kamera inataka nafasi. Weee! Jasho lilimtoka mzee wa watu mpaka kola ikalowa.

Njogu akafungua kinywa kutoa noti. Odongo aliona midomo tu. Besi ndiyo ilipaswa kufuata. Kanisa kimya, Jacklyne safu ya pili akitabasamu, na mumewe hajui aingilie wapi. Aliogopa, aliogopa kweli, hata akalitupia benchi jicho. Njogu bado anaivuta noti ile ile, kupita walivyofanya mazoezi.

Ndipo Kyule akabeba maikrofoni yake na stendi yake, akakatiza jukwaa waya ukiburuta, fundi akimpungia mkono arudi. Akasimama kulia kwa Odongo, bega kwa bega, akaivumisha noti. Odongo akaingia, na besi ikatua pale pale inapotua siku zote.

Baada ya ibada alimvuta Kyule kwenye ngazi, akaungama yote. Akasema sheria ni sheria, ataketi.

Kyule akamkata kauli. "Baba Lorraine, miaka tisa nasimama kulia kwako. Ulidhani ni bahati?"

Odongo akauliza kwa hofu kama Njogu anajua.

"Njogu ndiye aliyenituma nisimame hapo."

Mzee akaketi ngazini palepale, akalia.