Taa Isiyozimika

Gisenyi ardhi haina huruma na jembe. Chini ya udongo kidogo yapo mawe meusi ambayo volkano iliyatapika zamani, na anayetaka shimo la choo humwita Evode, aliyezeeka akiyapasua kwa nyundo na mtaimbo. Alilelewa Goma, akarudi na Kiswahili cha huko na hofu moja tu: mazuku.

Mazuku ni pumzi mbaya ya mlima. Haina rangi. Hupenya nyufa za mawe, na kwa kuwa ni nzito, hulala mashimoni kama maji yaliyotulia. Mbuzi akiteremka humo halii. Hupiga magoti tu, kama anayesali. Kwa hiyo mchimbaji wa kule haingii shimoni kabla ya kuteremsha mshumaa kwa kamba. Ukiwaka, ataingia. Ukizima, atarudi nyumbani.

Binti yake wa pekee, Igihozo, alipopata kazi Kigali, nyumba ilinyamaza. Kabla ya kuondoka alimwekea baba yake mchezo kwenye simu: dunia ya matofali isiyo na mwisho, ambamo watu wawili walio mbali huchimba bega kwa bega huku wakiongea. Evode aliingia humo kama anavyoingia kazini. Kila hatua chache alichomeka mwenge ukutani, akasimama kuutazama.

"Papa, unangojea nini?"

"Naangalia kama itazima."

"Moto ya huku haizimike! Ni mchezo!"

"Moto yote inazimika, mwanangu. We ngoja tu."

Walikuwa wakitafuta vitu vya kuundia taa. Kwanza kioo cheusi, kinachopatikana pale tu maji yanapomwagikia moto wa chini. Hicho walikipata baada ya kuungua mara nyingi. Kilichobaki ni jiwe la buluu, adimu kuliko yote, lililofichwa chini ya ziwa la moto. Ukiviweka pamoja kwenye meza ya kuundia, unapata taa isiyozimwa na maji wala upepo.

Kwa furaha ya kioo kile, Igihozo alimtumia baba yake taa ya kweli, ya kufunga kwenye paji la uso. "Hii itangulie, papa, ile nyingine iko njiani." Evode akaivaa hata sokoni. Mwanga wake ulifika chini ya shimo, ukaonyesha kila kokoto. Tangu siku hiyo hakununua mshumaa tena, na wala hakujiuliza. Nani huwasha mshumaa mbele ya jua?

Wakati huo alikuwa akimchimbia Mukandutiye, mjane anayekaa kwenye njia ya Busasamana. Shimo lilikuwa limepita urefu wa watu wawili. Jumamosi, yeye na mwenzake Jado walilifunika kwa mabati wakaenda zao.

Jumapili baada ya misa mvua ilinyesha. Evode alijilaza kitandani na simu yake, wakateremka, yeye na binti yake, hadi chini ya ziwa la moto. Na jiwe lilikuwepo, buluu tupu, likipumua mwanga.

"Yampaye inka!" Igihozo alishangilia kwa Kinyarwanda. "Papa, chukua!"

Akalichukua. Papo hapo muziki wa mchezo ukakatika, na mwenge uliokuwa karibu na miguu yake ukazima.

Haukuanguka. Ulizima taratibu, kama unaokosa pumzi. Kisha ukazima wa juu yake, kisha uliofuata. Giza lilikuwa linapanda kutoka chini, bila haraka, likijaa kama maji ndani ya ndoo. Evode alikimbia kwenye ngazi, na kila mwenge alioupita ulikufa nyuma yake.

"Igihozo! Inazima! Panda!"

"Nini inazima? Mi naona yote inawaka." Akacheka. "Simu yako imezeeka, papa, kama wewe."

Alipofika juu, kifua kilimuuma kweli, kama mtu aliyepanda ngazi kweli.

Jumatatu asubuhi, Jado aliondoa mabati akavua shati. "Leo naanza mimi, muzee. We nimulikie."

Evode aliwasha taa ya kichwani akainama. Chini kulikuwa kweupe na kutulivu. Mtaimbo wao uliegemea ukuta. Kando yake mjusi alilala chali, tumbo jeupe likitazama juu.

"Simama," alisema.

"Bon, nini tena?"

"Lete mushumaa."

"Mushumaa? Na taa kubwa hivyo? Muzee, unataka kuombea choo?"

Evode hakucheka. Alimwita Mukandutiye, naye akatoka na kipande cha mshumaa uliobarikiwa kwenye kanisa la Nyundo, akinung'unika kwamba si wa kazi hiyo. Evode akauwasha, akausimamisha ndani ya kopo, akauteremsha.

Ulipofika nusu ya njia, mwali uliinama, ukawa mwembamba kama uzi. Kisha haukuwepo. Hakuna upepo uliovuma. Moshi wake haukupanda. Ulitanda hapo hapo hewani, kama juu ya kitu. Na taa ya kichwani iliendelea kuwaka, nyeupe, tulivu, ikiwaonyesha vizuri kabisa mahali ambapo Jado angekuwa amelala.

Jado alivaa shati lake bila kufunga vifungo. Mukandutiye akafanya ishara ya msalaba. Shimo lilifukiwa kabla ya jua kuwa kali.

Jumapili iliyofuata Evode alimsimulia binti yake yote, isipokuwa sababu iliyomfanya aache kununua mishumaa. Kisha wakaingia mchezoni. Mienge ilikuwa inawaka yote, mpaka chini, kama vile hakuna lililotokea. Lakini Evode aliona miali yake imeinama upande mmoja, kuelekea kule chini.

"Papa, weka kioo na jiwe kwenye meza. Tuunde taa."

Evode alivitazama. Akavitia ndani ya sanduku, akalifunga.

"Lakini si ndiyo tulikuwa tunaitafuta?"

"Tulikuwa tunaitafuta. Iache ilale."

Akatoa mwenge wa kawaida, akauchomeka ukutani, akasimama kuutazama. Igihozo akaja akasimama karibu naye. Safari hii hakumuuliza anangojea nini.