Ndimu nne chini ya gari langu

Leo asubuhi nimekuta ndimu chini ya gari langu.

Moja mbele ya kila tairi. Zimepangwa.

Gari lenyewe nimelinunua jana, hata harufu ya sigara ya mwenyewe wa kwanza haijatoka. Nikajua tu, hata huku ughaibuni kuna mtu hapa Neasden hataki kuniona na gari.

Nikampigia dada yangu wa Peckham. Akaniambia, "Usiziguse, Zuhura. Panda basi."

Nimesimama pale na yunifomu ya kazi, nasoma Ayatul Kursiy na zamu inanipita.

Mara jirani yangu akafungua mlango. Mama Kanta, Mhindi wetu wa Tanga, na sari yake na kandambili.

"Mbona hujaondoka, mwanangu? Nimekuwekea ndimu tangu alfajiri."

Nikamuuliza ni za nini.

Kumbe kwao gari jipya lazima likanyage ndimu kwanza, ili mabaya yote yaishie hapo. Jana aliponiona nimeliegesha hivi hivi tu, hakupata usingizi.

(Na mimi nilishamshuku yule jirani wa ghorofani. Mungu anisamehe.)

Basi nikasema bismillahi, nikaondoka. Nikasikia zinapasuka. Roho ikatulia, nikashusha kioo nimshukuru.

Mama Kanta ameinama, anatazama barabarani. Hacheki.

"Mwanangu," akasema polepole, "moja imekwepa tairi. Nzima hii hapa."

Sasa niko kazini, gari liko nje na kurudi nalo siwezi.

Mnaokaa upande wa Neasden, nani anapita saa kumi na moja jioni anipe lifti?