Mchuzi wa Ijumaa Hauonjwi

Katika mji wa Debre Birhan, Ethiopia, mpishi anayesifiwa ni yule asiyeonja. Siku za mfungo wa kanisa ni nyingi, na sherehe hazisogezwi kwa ajili yake. Karamu ya Jumamosi hupikwa Ijumaa, na Ijumaa hakuna anayetia nyama wala samli mdomoni. Kwa hiyo nyama hupikwa kwa pua. Mwanamke huinama juu ya sufuria, huvuta pumzi, husema pilipili bado mbichi au sasa imekubali, na kesho yake wageni hukuta alisema kweli.

Yeshimebet Alemu aliishi kwa pua yake miaka thelathini na moja. Alipikia arusi, ubatizo na arobaini za wafu katika nusu ya nyumba za mji. Watu walisema anaweza kusimama mlangoni na kukutajia kitunguu saumu kilichosahauliwa. Mume wake alikwishafariki, chumba alichokaa ni cha kupanga, na kazi nyingine hakuijua.

Septemba, mwaka mpya wa Kiethiopia ulipoingia, alishikwa na homa ya wiki tatu. Alipopona, jirani alimwalika kahawa. Buni zilipokwisha kukaangwa, kikaango kilipitishwa mbele ya kila aliyeketi ili auvute moshi kwa kiganja. Yeshimebet aliuvuta. Moshi ulimwasha macho, basi. Alisema kahawa ni nzuri, kwa sababu ndivyo kila mtu anavyosema. Mganga wa kliniki alimwambia pua huenda ikarudi, huenda isirudi. Hakumwambia mtu mwingine.

Kwa miezi minne alipika kwa masikio na macho. Kitunguu kibichi hupiga kelele kwenye sufuria, kikiiva hunyamaza. Berbere, unga wa pilipili na viungo, ikiiva hugeuka rangi ya tofali lililonyeshewa. Palipokuwa na shaka alimwita mwanamke yeyote aliyekuwa karibu, akamwambia anuse aseme anasikia nini, kama mwalimu anayempima mwanafunzi. Wanawake walijibu kwa hofu ya kukosea, naye aliitikia kwa kichwa na kusema vizuri, unajifunza. Kwa njia hiyo alipika ubatizo mmoja na arobaini mbili, na hakuna aliyelalamika.

Ijumaa moja ya Januari aliitwa na Abonesh, mwanamke wa nyumba ya geti la bluu nyuma ya kiwanda cha mablanketi. Wazee wa upande wa mvulana walikuwa wanakuja kesho saa nne kusikia jibu la posa ya binti yake, Selamawit. Watu ishirini na watano. Abonesh alitaka mchuzi wa nyama ya ng'ombe, na alitaka upikwe ndani, juu ya jiko la gesi, si kwenye kuni za uani, kwa sababu mvulana ni mhandisi na wazee wake wasije wakaona nyumba ya moshi.

Jirani aitwaye Tirunesh alikuja kukata vitunguu. Alikata kilo saba, vidogo kama punje za mchele, huku analalamika mfululizo kwa Yeshimebet, ambaye kama wengine alimwita Etiye, dada mkubwa.

"Etiye Yeshi, hivi ni vitunguu au hukumu? Nimelia kiasi cha kumzika shangazi yangu, na shangazi yangu mzima yuko sokoni anauza shayiri."

"Lia kimya. Wewe ungeolewa kwa mchuzi wa vitunguu vikubwa vile, mumeo angerudi kwao."

"Alirudi, Etiye. Sema alirudi akiwa ameshiba."

Saa nne Abonesh alijifunga shuka lake jeupe aende kanisani. Alisema atarudi ibada ikiisha, saa tisa. Samli iko rafuni, kwenye kopo la maziwa. Hakusema zaidi, wala hakuona haja ya kusema zaidi mbele ya mtu kama Yeshimebet. Tirunesh naye alimaliza vitunguu, akanawa macho, akaenda kwake nyumba ya tatu kuoka injera, mikate myembamba ya kulia mchuzi kesho.

Yeshimebet alibaki peke yake na sufuria. Alimimina vitunguu bila tone la mafuta, akawasha moto wa wastani, akashika mwiko. Saa nzima aligeuza. Vilipoanza kushika chini alidondosha maji kijiko kimoja, akageuza tena. Vilinyamaza, vikalainika, vikawa vya kahawia, vizito kama jamu. Huo ndio wakati wa samli. Ukichelewa, vinaungua.

Alinyoosha mkono rafuni akakuta makopo mawili ya maziwa, yanayofanana hadi kutu ya kifuniko.

Alijua mara moja lile la pili ni nini. Kesho Selamawit angepakwa siagi kichwani kabla ya wageni kufika, na siagi ya nywele haihitaji kuwa changa. Huwekwa miezi, huchacha, huchanganywa na majani ya kunukia, na harufu yake hufika barabarani. Mtu yeyote mwenye pua angetenganisha makopo hayo gizani. Yeshimebet aliyafungua yote mawili. Asubuhi ya baridi ile yote yalikuwa yameganda, meupe. Katika nyumba hii samli haitiwi manjano, na ilikuwa imechujwa vizuri, hivyo hapakuwa na hata chembe ya kiungo ya kumsaidia.

Aliinamia la kwanza akavuta hewa hadi kifua kikauma. Aliinamia la pili. Ilikuwa hewa, baridi.

Angeweza kuyabeba makopo hadi kwa Tirunesh. Lakini kumwuliza Tirunesh lipi ni samli na lipi ni la nywele ni kuuambia mji mzima kabla ya jioni. Simu ya Abonesh ilikuwa imezimwa kanisani. Nyuma yake vitunguu vilianza kutatarika. Aliongeza maji kijiko, kisha kijiko kingine, kisha akaona vikiendelea hivi vitakuwa uji.

Aliamua kwa akili. Kopo moja lilijaa hadi mdomoni, jingine lilikuwa nusu. Kichwa kimoja cha msichana hakihitaji kopo zima, na wageni ishirini na watano wanahitaji. Alichota kutoka lile lililojaa.

Hakujua kwamba Abonesh alikuwa ameweka siagi ya vichwa vinne, cha binti na cha shangazi zake watatu.

Kilichofuata alikifanya bila kosa hata moja. Alitia berbere, akaikaanga kwa moto mdogo, maji kidogo kidogo, hadi ikashika rangi ya tofali. Akatia kitunguu saumu na tangawizi. Akatia nyama aliyoiosha kwa ndimu, akaigeuza mpaka ikaacha maji yake, akamimina maji ya moto, akafunika. Saa nane alifunua. Nyama ilikatika kwa mwiko. Mafuta mekundu yalipanda juu, yakatulia. Kwa macho, ulikuwa mchuzi bora aliopika tangu Septemba.

Alisimama akiutazama. Kisha alifunga mlango wa jikoni kwa komeo. Alikuwa na miaka hamsini na minane na hakuwahi kula nyama siku ya Ijumaa, hata akiwa mjamzito, hata katika ile homa. Alichota kijiko, akapuliza, akala.

Chumvi imetosha. Pilipili inawaka. Kuna mafuta. Alichota tena, akatafuna kipande cha nyama polepole, macho yamefumbwa. Chumvi, moto, mafuta. Ulimi haukuwa na neno jingine. Alikuwa amevunja mfungo bure. Alisukutua kwa maji, akatoa komeo, akaketi.

Abonesh alirudi saa tisa na dakika chache. Alisimama getini. Yeshimebet alimwona kupitia dirishani: alisimama, akainua uso, kisha akaja haraka, shuka likiburuta. Alifunua sufuria akafunika papo hapo.

"Etiye, umetia kopo gani?"

Yeshimebet alionyesha.

"Hilo la nywele. Etiye, hilo ni la nywele. Linanuka tangu barabarani. Ulikuwa umekaa hapa hapa?"

Alijibu kwamba samli ya siku hizi huja na harufu, alidhani ndivyo ilivyo. Abonesh hakuwa mkali, na hilo Yeshimebet aliliona vibaya zaidi. Alikwenda mezani, akarudi na ngumi iliyofungwa, akaiweka chini ya pua ya Yeshimebet.

"Nusa. Niambie ni nini."

Yeshimebet alivuta hewa. Alifikiria kile ambacho mtu jikoni angekuwa nacho mkononi siku ya mchuzi. "Iliki," alisema.

Abonesh alifungua kiganja. Kilikuwa kitupu.

"Tangu lini, Etiye?"

"Tangu mwaka mpya."

"Na arobaini ya baba yangu mdogo ulipika Novemba."

"Nilipika."

Abonesh aliketi. Alisema mabucha yamefungwa leo, na kesho hadi wafungue, nyama iive, wazee watakuwa wameshafika wakaondoka bila kula. Alisema hayo bila kumtazama, kama anayejihesabia. Kisha alimpigia dada yake simu, akamwomba mchuzi wa kondoo aliokuwa ameupika kwa ajili ya nyumba yake. Dada aliuliza kuna nini, Yeshimebet si yupo? Abonesh alisema yupo. Akasema, hawezi tena. Njoo tu, nitakueleza.

Mchuzi ulimwagwa shimoni nyuma ya choo na kufukiwa, kwa kuwa ungewavuta mbwa uani. Yeshimebet alikataa kwenda nyumbani. Alisema angalau ataosha sufuria. Alisugua kwa majivu na maji ya moto, akasuuza, akaigeuza kwenye mwanga. Ilikuwa safi, inang'aa. Alimletea Abonesh. Abonesh aliingiza uso ndani akautoa.

"Bado inanuka, Etiye."

Alisugua tena, kwa ndimu, mpaka vidole vikachubuka. Abonesh alinusa, akamrudishia. Mara ya tatu Yeshimebet hakuuliza. Aliketi juu ya kigoda uani, sufuria katikati ya magoti, akaendelea kusugua chuma kilichokwisha kuwa cheupe, akisubiri mtu atoke amwambie aache.