Kasuku wa Athol na sauti ya mkewe

Saa moja kasorobo asubuhi, umande ungali umeganda juu ya majani katika bustani ya wanyama ya Tarrawee, mji mdogo wa Australia. Athol Pettigrew anaingia kwenye banda kubwa la ndege na ndoo mbili, moja ya mahindi mabichi na vipande vya tufaha, nyingine ya mbegu. Kabla hajafunga mlango vizuri, sauti ya mwanamke mtu mzima inamkaripia.

"Athol! Vua buti!"

"Nimesikia, mke wangu," anajibu, bila kuvua chochote.

Hakuna mwanamke bandani. Aliyesema ni kakatua, kasuku mkubwa mweupe mwenye kishungi cha manjano, aliyekaa ndani ya kizimba kidogo kilichowekwa katikati ya banda. Jina lake Askofu. Kifuani hana unyoya hata mmoja. Ngozi imebaki wazi, nyekundu, kama ya kuku aliyenyonyolewa nusu kisha mpishi akaghairi.

Sauti ni ya Gwenda, mke wa Athol, aliyefariki miaka mitatu iliyopita.

Leo saa nne Athol atafungua kizimba hicho, na Askofu ataungana na kakatua wengine kumi na mmoja wanaoishi bandani. Ndege anahitaji wenzake, hilo halina ubishi. Lakini akishawapata ataanza kusema lugha yao, na maneno ya Gwenda yatamtoka moja baada ya jingine. Sauti hiyo haipo mahali pengine popote duniani.

Athol ana miaka sitini na sita. Ameajiriwa na halmashauri ya mji huu kwa miaka thelathini na moja, kwa mshahara ambao leo ni dola elfu moja na mia moja kwa wiki kabla ya kodi. Bustani yenyewe ni ndogo. Ukiingia na chai kwenye kikombe, utawapita kangaruu, emu wawili, ndege warefu kama mbuni, dingo mzee, mbwa mwitu asiyebweka, na wombati, mnyama mnene mwenye miguu mifupi anayelala mchana kutwa kwenye shimo lake, na utarudi langoni chai ingali na moto. Kiingilio ni bure, na bado watu hawaji.

"Wananiambia, 'Kangaruu? Wako nyuma ya nyumba yangu wanakula maua, nije kuwaangalia kwa nini?'" anasema Athol. "Siwalaumu. Wana haki."

"Jana tulipata wageni tisa," anadakia Kayleen Stroud, mhudumu mwenzake, huku akiosha ndoo. "Wawili walikuwa wanatafuta choo."

Banda la kakatua ndilo pekee ambalo watu wa Tarrawee huliona kuwa lao. Ndege hawa huweza kufikisha miaka sabini, na mara nyingi mfugaji hufa akamwacha ndege wake. Mzee akihamishiwa kwenye makao ya wazee, ambako ndege haruhusiwi, watoto wake huja langoni na kizimba kilichofunikwa blanketi. Husimama pale wakitazama chini, kana kwamba waliyemleta ni mzazi mwenyewe.

Na kila ndege huja na sauti ya nyumbani kwake, kwa sababu mjini hapa anayetaka kakatua aongee humfuga peke yake. Walifundishwa hivyo na babu zao. Ukiweka wawili, watazungumza wao kwa wao na wewe hutaambulia neno.

"Siri yote ni hiyo," anasema Athol. "Watu wanadhani ni akili. Akili anayo, ndiyo, lakini kinachomfanya aongee ni upweke. Sisi tunakaa tunacheka, 'Msikie anavyosema!' Kumbe mwenzetu anaomba mtu wa kukaa naye."

Amewapokea wengi. Kuna aliyekuja akikohoa kama mvutaji wa miaka hamsini. Kuna aliyekuwa akitukana farasi wa mashindano, kila mmoja kwa jina lake. Wakiingia bandani huendelea kuongea kwa msimu mmoja au miwili, kisha hunyamaza, wakabaki kupiga kelele za kikakatua tu. Kwa hiyo Athol alizoea kuwaambia ndugu wa marehemu waje mapema, wasikie wakati bado kipo cha kusikia.

Terrence Oakley, fundi wa matrekta, alikuwa anakuja kila Jumamosi. Ndege wa marehemu mama yake, anayeitwa Trixie, alikuwa akisema, "Njooni mle, chakula kinapoa!" Baada ya mwaka mmoja Trixie aliacha. Oakley aliendelea kuja miezi minne zaidi, akisimama kwenye wavu na kofia mkononi.

"Siku moja nikamwambia, 'Furahi, bwana, ndege ana raha sasa,'" anakumbuka Athol. "Mtu anamsubiri mama yake, mimi namwambia ndege ana raha. Maneno mepesi sana yale. Hakuja tena."

Gwenda alimnunua Askofu kwa mkulima mmoja miaka ishirini na mitano iliyopita, akampa jina hilo kwa jinsi alivyojivuna katika vazi lake jeupe, akamweka kwenye dirisha la jikoni. Alikuwa mwanamke wa maneno mengi, aliyeolewa na mwanamume wa maneno machache. Sehemu kubwa ya maongezi ya nyumba ile ilikuwa kati yake na ndege.

"Nilikuwa nafika nyumbani, nasimama nje kidogo nawasikiliza," anasema Athol. "Sikuwa na haraka ya kuingia. Leo najiuliza kwa nini nilikuwa nasimama nje."

Saratani ya mapafu ilimchukua Gwenda kwa wiki kumi na moja. Baada ya mazishi, binti yao, Narelle, alirudi Perth, upande wa pili wa nchi, na Athol akarudi kazini. Ndege aliyeachwa peke yake jikoni alipiga kelele kutwa nzima hadi majirani wakalalamika. Ndipo Athol alipombeba na kumleta hapa.

Sheria ya bustani iko wazi. Ndege mgeni hutengwa siku thelathini, kisha huingizwa bandani na wenzake. Athol mwenyewe ndiye huwafundisha wafanyakazi wapya sheria hiyo. Alichukua kipande cha boksi, akaandika KARANTINI, USIKARIBIE, akakitundika kwenye kizimba cha Askofu kando ya chumba cha chakula cha wanyama. Siku thelathini zikawa miaka mitatu.

"Sote tulijua, na sote tukajitia hamnazo," anasema Kayleen. "Kuna mara bosi alipita akaniuliza, 'Huyu ndege anaumwa nini?' Nikamjibu, 'Anaumwa Athol.' Akaondoka zake."

Ndivyo walivyo watu wa Tarrawee. Watakubebea jeneza, watakufyekea nyasi, watakuletea keki tatu kwa siku moja, lakini jambo likigusa moyo wanahamia kwenye habari za mvua. Kwa hiyo Athol aliachwa. Kila siku saa sita mchana alikaa kwenye ndoo iliyofunikwa, akala mkate wake, akasikiliza, "Birika linachemka!" na "Nani huyo mlangoni?" Wakati mwingine ndege alicheka kicheko cha Gwenda, kile kilichokuwa kikiishia kwa sauti nyembamba. Athol anakiri kwamba siku za namna hiyo hakuhitaji kuongea na mtu mwingine yeyote, na kwa kweli hakuongea.

Mtu atauliza, si zipo simu za kurekodi sauti hiyo? Narelle aliuliza hivyo hivyo.

"Simu anaichukia," anasema Athol. "Akiiona tu anafunga domo, au anataka kuitafuna. Ninazo rekodi kumi na nne. Zote ni mimi nasema, 'Sema basi, mzee, sema.'"

Mwaka jana Askofu alianza kujinyonyoa. Alianzia mapajani, akapanda hadi kifuani. Mwezi Machi daktari wa wanyama, Bronte Maguire, alimkagua na kusema ndege hana ugonjwa wa mwili.

"Nilijua. Nimeona ndege wa namna hiyo zaidi ya ishirini, na wenye ndege nimewasema sana," anasema Athol. "Yule daktari wala hakunigombeza. Aliniuliza tu, 'Athol, huyu angekuwa wa mtu mwingine, ungemwambiaje?' Nikaenda nikaking'oa kile kipande cha boksi cha karantini."

Kwa siku kumi kizimba kimekaa ndani ya banda, ili ndege wazoeane kupitia waya. Saa nne imefika. Daktari Maguire amesimama nje ya wavu. Kayleen ameleta chai na keki ya shayiri. Wageni ni bibi mmoja na mjukuu wake ndani ya kigari. Athol anafungua kilango na kurudi nyuma hatua tatu.

Askofu hatoki.

Dakika kumi zinapita, kisha ishirini. Bibi na mjukuu wanakwenda kuwaona emu.

"Amekuwa kama wewe," Kayleen anasema kwa sauti ya chini. "Mlango uko wazi, na haendi popote."

"Nyamaza, Kayleen."

"Nanyamaza. Kunywa chai."

Hainywi. Hapo kakatua mmoja mzee anashuka kutoka juu, anatua kwenye paa la kizimba, anainamisha kichwa chini kuchungulia. Ni Trixie. Askofu anasimamisha kishungi chote kwa hasira au kwa woga. Trixie haondoki. Askofu anatoa mguu mmoja, anasita, anatoa wa pili, anapanda juu ya kizimba kwa mdomo na kucha kama mzee anayepanda ngazi. Wanatazamana. Kisha Trixie anamkaribia na kuanza kumchambua manyoya ya kichwani, unyoya mmoja mmoja, taratibu. Askofu anainamisha shingo na kufumba macho.

Athol analia. Analia wazi, mikono ikining'inia, bila kujificha. Kwa miaka mitatu alikuwa akimkuna ndege huyu kwa kidole kupitia waya, akiamini inatosha.

Kayleen anamwambia redio imetangaza mvua siku ya Alhamisi.

"Itasaidia," anajibu Athol.

Baadaye, mimi na Athol tukiwa tumekaa kwenye benchi lililo mbele ya banda, anasema kwamba Jumapili alimpigia simu Terrence Oakley kumwomba radhi. Oakley akamuuliza radhi ya nini, maana yeye alikuwa ameshasahau, au alisema hivyo. Wakaongea kuhusu matrekta kwa dakika tano, wakaagana. Athol anasema alijikuta bado ameshika simu sikioni, upande wa pili hakuna mtu.

Mwezi Septemba anaweza kustaafu. Narelle amemwandalia chumba huko Perth, chenye dirisha linalotazama bahari. Athol amemshukuru na kumwomba asubiri. Barua ya kuomba mwaka mmoja zaidi kazini imo kwenye mfuko wa shati lake, tayari imetiwa saini. Anataka kuwepo hapa maneno yanapokwisha.

Ndani ya banda Askofu amepanda tawi la juu, bega kwa bega na Trixie. Kutoka huko, kwa sauti ya mtu aliyeshughulika na sufuria jikoni, anauliza, "Nani huyo mlangoni?"

"Ni mimi," Athol anaitikia.

Nilipomuuliza anatumaini nini, alianzia kwa mkewe.

"Gwenda alipokuwa hospitali, neno lake la mwisho kwangu lilikuwa la pipa la taka," alisema. "Aliniambia, 'Kesho gari la taka linapita, usisahau kutoa pipa nje.' Nikamwambia, 'Haya.' Nikaondoka napiga mluzi, maana sikujua kuwa ndilo la mwisho. Ningejua, ningeliharibu kwa kulia. Basi natumaini na huyu atanifanyia hivyo hivyo. Siku atakayoniambia nivue buti kwa mara ya mwisho, nisijue. Nimjibu nimesikia, niendelee na ndoo zangu."