Jalada la Mwisho la Jaji Damari

Jaji Damari Anyelwisye alikuwa na sugu kwenye kidole cha kati, na sugu ile ilimkera kuliko umri wake. Miaka thelathini na minne anaandika kwa mkono kila neno la kila shahidi! Alianza akiwa hakimu wa mahakama ya mwanzo pale Chimala, akapandishwa cheo kwenda Iringa, akapanga nyumba mtaa wa Kihesa, akarudi Mbeya akiwa jaji wa Mahakama Kuu. Kote huko nyimbo ni zile zile: wakili anaumwa, shahidi yuko msibani, jalada halionekani. "Naomba tarehe nyingine, Mheshimiwa." Tarehe, tarehe! Tarehe zingekuwa zinapikwa, nchi nzima ingeshiba.

Ijumaa angestaafu. Jumanne akabaki na jalada moja aliloapa kulimaliza: rufaa ya Bibi Minza, mjane wa Kisukuma kutoka bonde la Usangu, aliyeshindwa na jirani yake Gideoni kwenye baraza la ardhi. Ugomvi ni ekari nne za mpunga, na una miaka tisa. Damari alishausoma ushahidi, akaona wazi kuwa shamba ni la bibi. Kilichobaki ni kuandika hukumu.

Akafika kurasa za mwisho za jalada, akarudi nyuma, akarudi tena. Jamani! Wazee wawili wa baraza walikaa na mwenyekiti kesi nzima, na sheria inataka maoni yao yaandikwe, yasomwe mbele ya pande zote kabla ya hukumu. Hayakusomwa. Hayamo hata kwenye jalada. Mwenyekiti kaandika tu, "Nakubaliana na wazee." Unakubaliana na nini, wewe baba?

"Mbona hakuna aliyelalamika, Mheshimiwa," alisema Ombeni, karani wake. "Si ulipite tu kosa hilo?"

"Nilipite, Mahakama ya Rufani waje wafute kila kitu, bibi akiwa kaburini?" akafoka. Kosa la namna hiyo alishalifanya mwenyewe kule Chimala, akiwa bado mbichi: aliandika hukumu bila kuwauliza wazee washauri wake. Ikafutwa. Mzee aliyekuwa ameshinda akafariki akisubiri kesi isikilizwe tena. Damari hakuwahi kujisamehe.

Alhamisi akasoma uamuzi. Bibi Minza alisikiliza mpaka mwisho, akasimama kwa fimbo yake.

"Kwa hiyo nimeshinda, Mheshimiwa?"

"Hujashinda, mama, wala hujashindwa. Hukumu ya baraza nimeifuta; kesi inarudi kule kule, inaanza upya mbele ya mwenyekiti mwingine. Nimeamuru iishe kabla ya mavuno."

Bibi akaiegemea fimbo.

"Mavuno ya mwaka gani, mwanangu?"

Wakili wa Gideoni akacheka. Damari akamkata jicho mpaka akanyamaza. Akachukua kalamu, akaliandika swali la bibi kwenye jalada, neno kwa neno, akatia tarehe.