Ndiyo ya Kuvuta Ndani

Gunvor Lidström amekuwa msaidizi wa darasani miaka kumi na tisa, na mgongo wake unaijua yote. Mimi ni mpishi wa shule hiyohiyo. Kila asubuhi namwona akimshusha Tova garini, akimfuta mate, akimbadilisha nepi, kisha akimsukuma hadi darasa la nne kwa wenzake. Tova ana miaka kumi. Hatembei, hashiki kitu, hasemi neno.

"Majken, nimechoka mpaka mifupa," Gunvor aliniambia juzi. "Ila mtoto asiondoke."

Maana Jumanne alikuwa anakuja mtaalamu kutoka Stockholm kuamua kama Tova abaki, au apelekwe shule maalumu mjini, kilomita tisini kwenda na tisini kurudi. Mgeni njoo, mwenyeji apone, husema watu. Huyu alitukuta hoi, nusura atumalize.

Nilipoingia darasani na bakuli la Tova la viazi vya kuponda, nilimkuta mtaalamu amechuchumaa mbele ya kiti cha magurudumu. Gunvor alikuwa kando. Ameambiwa asimsaidie mtoto kujibu.

"Tova, unawapenda wenzako?"

Shwup. Tova akavuta pumzi.

"Unamwelewa mwalimu?"

Shwup.

Nikachungulia karatasi. Ameandika: Hajibu. Anapumua kwa shida. Damu ilinichemka! Huku kwetu kaskazini "ndiyo" haitamkwi, huvutwa ndani kwa pumzi: shwup. Hata maharusi huivuta kanisani.

Akamgeukia Gunvor. "Na wewe mama, akibaki utaendelea naye?"

Gunvor akatazama sakafu. Nilijua anapima nini: kuinama, kuinua, kuinama tena. Mwishowe, shwup.

Mgeni akangoja, kalamu mkononi. "Samahani, sijasikia jibu."

Darasa zima likaangua kicheko.

"Si kashakujibu!" akadakia msichana wa dawati la mbele. "Na Tova naye kakujibu kitambo, wewe tu husikii!"

Mtaalamu akawa mwekundu hadi masikioni. Akafuta alichoandika, akachuchumaa upya.

"Tova, unataka kubaki hapa?"

Shwup, mpaka wa nyuma wakasikia. Safari hii akaandika: Ndiyo.

Wenzake walipiga makofi. Gunvor hakupiga. Alijishika kiuno, akapokea bakuli, akaonja kama viazi vimepoa.

"Miaka mitano mingine, mpaka amalize darasa la tisa, Majken," akaninong'oneza.

Nami nikavuta pumzi: shwup.